Hifadhidata imegoma kusakinishwa kwenye Linux: urekebishe, ufute uanze upya, au uihamishie kwenye kontena?

Umeandika amri moja tu ya kusakinisha MySQL au PostgreSQL. Mistari imeshuka kwa kasi, kisha ikasimama kwenye hii: `E: Sub-process /usr/bin/dpkg returned an error code (1)`. Huduma haiwaki. Ukiuliza watu watatu, utapata majibu matatu. Wa kwanza atakwambia utafute hitilafu uirekebishe palepale. Wa pili atasema futa kila kitu uanze upya. Wa tatu atakushauri uachane na vifurushi vya mfumo, uiendeshe kwenye kontena, yaani boksi lililojitenga lenye programu na vyote inavyohitaji. Wote wanaweza kuwa sahihi, kila mmoja kwa hali yake. Nimezitumia njia zote tatu, na moja niliitumia siku ambayo sikupaswa kuitumia. Ndiyo maana nazipanga hapa kwa vipimo vilevile, ili uchague ukiwa umetulia.

## Vipimo vya kulinganishia

Cha kwanza ni data. Je, kwenye `/var/lib/mysql`, `/var/lib/postgresql`, `/var/lib/pgsql` au `/var/lib/mongodb` kuna kitu ambacho mtu atakililia kikipotea? Kipimo hiki kina uzito kuliko vingine vyote. Seva mpya isiyo na kitu na seva iliyogoma katikati ya kupandishwa toleo zinaweza kuonyesha ujumbe uleule, lakini hatari zake hazifanani hata kidogo.

Cha pili ni muda: njia hii itakufikisha lini kwenye hifadhidata inayowaka? Cha tatu ni kujua chanzo, yaani ukimaliza utakuwa umeelewa kilichoharibika, au umekizunguka tu? Cha nne ni matunzo, kwa sababu mtu fulani atasasisha toleo na kuchukua nakala rudufu miezi sita ijayo, na huenda mtu huyo ni wewe.

## Kwanza, hitilafu yenyewe ni ipi?

Mstari ule wa mwisho wa dpkg (programu inayosakinisha vifurushi kwenye Debian na Ubuntu) hausemi lolote zaidi ya kwamba kuna kitu kimeshindikana. Sababu iko juu yake, au haipo kwenye skrini kabisa. Fungua logi: `journalctl -u mysql -n 50 --no-pager`, au weka jina la huduma yako. Kwa MySQL kwenye Ubuntu soma pia `/var/log/mysql/error.log`. Kwenye familia ya Red Hat, ikiwa ulitumia vifurushi vya MySQL wenyewe, ni `/var/log/mysqld.log`, na humo ndimo lilimo pia nenosiri la muda la root. Kwenye Debian na Ubuntu, `pg_lsclusters` itakuonyesha kila klasta ya PostgreSQL (seva moja pamoja na saraka yake ya data), poti yake, na kama iko hai.

Baadhi ya hitilafu ni za mashine, wala si za kifurushi. Diski imejaa: angalia `df -h`, na usisahau `df -i`, maana nafasi inaweza kuwapo huku inodi (nafasi za kusajili faili) zimekwisha. RAM haitoshi: MySQL 8 kwenye seva yenye MB 512 bila swap (sehemu ya diski inayosaidia RAM) mara nyingi huuawa na kerneli, kiini cha Linux, wakati wa kuwashwa kwa mara ya kwanza, na kifurushi hulaumiwa bure. Jaribu `journalctl -k | grep -i oom`. Poti imeshikwa na programu nyingine: `ss -ltnp` itakwambia nani amekalia 3306, 5432 au 27017. Na ipo hii inayowatesa wengi: MongoDB kuanzia toleo la 5.0, kwenye x86_64 (prosesa za kawaida za Intel na AMD), inataka prosesa yenye maelekezo ya AVX, ambayo ni amri za ziada za hesabu. Prosesa ya zamani, au mashine pepe isiyopitisha maelekezo hayo, itakupa `Illegal instruction`, na hata ukisakinisha mara kumi hutaona tofauti. Hitilafu za kundi hili haziponywi na njia yoyote kati ya tatu, kontena likiwemo, kwa sababu kontena linatumia prosesa ileile, kerneli ileile na RAM ileile.

Nyingine si hitilafu za usakinishaji kabisa. `Peer authentication failed for user "postgres"` maana yake PostgreSQL inawaka vizuri, ila umeingia kama mtumiaji asiye sahihi wa Linux. Andika `sudo -u postgres psql`. `Access denied for user 'root'@'localhost'` kwenye MariaDB (ndugu wa MySQL) ya Debian mara nyingi huisha kwa `sudo mariadb`. Nimeona watu wakifuta hifadhidata nzima kwa sababu ya ujumbe huu, na iliniuma, kwa kuwa kilichokuwa kinakosekana ni neno moja tu mwanzoni mwa amri.

Ukishayaondoa makundi hayo mawili, kilichobaki ndicho cha kuchagulia njia: vitegemezi (programu ambazo kifurushi kinazihitaji), hazina za vifurushi (mahali vinapopakuliwa), funguo za kuthibitisha hazina hizo, ruhusa, na mabaki ya usakinishaji wa zamani.

## Njia ya 1: Kurekebisha palepale

Inavyofanyika. Hufuti kitu. Unafuata ujumbe hadi kwenye chanzo, unakiondoa, kisha unaiambia mfumo umalizie kazi iliyokatika: `dpkg --configure -a`, halafu `apt --fix-broken install`. Ukiambiwa `Could not get lock /var/lib/dpkg/lock-frontend`, usiifute faili hiyo ya kufuli kama maelekezo mengi ya zamani yanavyosema. Kwa kawaida ni sasisho la kiotomatiki linaloendelea, lisubiri liishe. `NO_PUBKEY` au `EXPKEYSIG` ni ufunguo wa hazina unaokosekana au uliokwisha muda wake; pakua mpya kutoka kwa wenye hazina, uweke kwenye `/etc/apt/keyrings`, na uutaje kwa `signed-by` badala ya kutumia `apt-key`, ambayo imekwisha kustaafishwa.

Kwenye familia ya Red Hat kuna mitego yake. PostgreSQL ya huko haijiandalii saraka ya data, kwa hiyo ukiiwasha moja kwa moja utaambiwa `Directory "/var/lib/pgsql/data" is missing or empty`. Dawa ni `postgresql-setup --initdb`. Mwingine ni SELinux, mlinzi wa mfumo anayeamua programu ipi iguse faili zipi. Umehamishia data kwenye `/data/mysql`, umiliki na ruhusa viko sawa, na bado unapata `Permission denied`. Angalia `ausearch -m avc -ts recent`. Kama ndiye, mpe saraka lebo yake:

`semanage fcontext -a -t mysqld_db_t "/data/mysql(/.*)?"`
`restorecon -Rv /data/mysql`

`setenforce 0` ni ya kuthibitishia tu kwamba SELinux ndiyo inayozuia. Ukiiacha hivyo, hujatibu kitu, umeondoa mlinzi mlangoni. Kwenye Ubuntu, kazi inayofanana na hiyo hufanywa na AppArmor, na faili ya MySQL ni `/etc/apparmor.d/usr.sbin.mysqld`.

PostgreSQL kwenye Debian nayo ina jambo lake: mfumo uliopunguzwa sana ukikosa lugha (locale) iliyotajwa kwenye mazingira, klasta haiundwi, na unaambiwa `The locale requested by the environment is invalid`. Tengeneza lugha hiyo kwa `locale-gen`, kisha `pg_createcluster 16 main --start`, ukibadilisha 16 kwa toleo lako.

Data yako. Hii ndiyo njia salama kuliko zote, maana hugusi saraka ya data. Hata hivyo, kama ina kitu, simamisha huduma na uchukue nakala kwanza: `cp -a /var/lib/mysql /root/mysql-kabla`. Herufi `-a` inahifadhi umiliki na ruhusa; bila hiyo, siku ya kurudisha utakuwa na hitilafu mpya ya kutatua.

Muda. Hautabiriki, na huo ndio udhaifu wake mkubwa. Dakika tano au jioni nzima.

Kujua chanzo. Hapa haina mpinzani. Ukimaliza, unajua, na kosa likirudi kwenye seva nyingine utalifuta kwa dakika moja.

Matunzo. Hifadhidata inabaki chini ya apt (Debian na Ubuntu) au dnf (Red Hat), na masasisho ya usalama yanaingia pamoja na mengine ya mfumo.

Inamfaa mwenye data ya kweli, mwenye seva ambayo wengine wanaitegemea, na yeyote anayejifunza usimamizi wa Linux kwa dhati.

## Njia ya 2: Kufuta na kusakinisha upya

Inavyofanyika. Unaondoa vifurushi pamoja na mipangilio yake, unasafisha mabaki, kisha unasakinisha tena, mara nyingi kutoka hazina ya watengenezaji badala ya ile ya mfumo. Jambo hili la hazina ndilo linaloamua kama njia itafaulu. Ukifuta na kusakinisha kifurushi kilekile kutoka hazina ileile, kosa lililotokana na kifurushi litarudi lilivyo. PostgreSQL wana hazina yao kwa ajili ya Debian na Ubuntu, na kifurushi cha `postgresql-common` kinakuja na skripti ya kuiongeza: `/usr/share/postgresql-common/pgdg/apt.postgresql.org.sh`. Kwenye Red Hat 8, kabla ya kutumia hazina yao ni lazima uizime moduli ya mfumo kwa `dnf module disable postgresql`. La sivyo dnf itasema vifurushi havipo, ilhali unaviona.

Hazina nayo lazima iendane na toleo la mfumo. Mfano unaojulikana ni MongoDB za zamani zilizotaka `libssl1.1` kwenye Ubuntu 22.04, ambayo inakuja na OpenSSL 3. Wengi walipakua libssl ya zamani kwa mkono wakailazimisha ndani. Inawaka, lakini unabaki na maktaba ya usimbaji isiyopata sasisho kutoka kwenye mfumo wako. Ni heri kuchukua toleo la MongoDB lililotengenezwa kwa ajili ya mfumo huo.

Data yako. Hapa ndipo penye shimo. `apt remove` inaacha mipangilio na data. `apt purge` inaondoa mipangilio na inaweza kuondoka na data pia. Mara nyingine inakuuliza kwanza, na mtu mwenye haraka anabonyeza tu. Niliwahi kufuta kwa purge nikiamini seva ni tupu. Haikuwa tupu. Mwenzangu alikuwa ameweka humo majaribio ya wiki mbili, na nakala rudufu hatukuwa nayo. Tangu siku hiyo sifuti saraka ya data. Naihamisha: `mv /var/lib/mysql /var/lib/mysql.zamani`. Inagharimu nafasi ya diski tu.

Tena, usidhani data ya zamani itasomwa na chochote utakachosakinisha. MariaDB ilitoka ubavuni mwa MySQL mwaka 2009 na zote mbili hutumia `/var/lib/mysql`, lakini MariaDB haiwezi kusoma saraka iliyoandikwa na MySQL 8, na MySQL 8.0 hairudi kuwa 5.7. Kifurushi cha Ubuntu kikigundua saraka isiyopatana, huandika faili `/etc/mysql/FROZEN` na kukataa kuwasha huduma. Isome, imeandikwa sababu. PostgreSQL nayo hukataa saraka ya toleo kuu tofauti kwa `database files are incompatible with server`. Katika hali hizo zote data ni nzima. Inachohitaji ni kufunguliwa na toleo lake la asili, kutolewa kwa `mysqldump` au `pg_dump`, ndipo iingizwe kwenye jipya.

Muda. Kama nusu saa, mradi usafishe kwa utaratibu. Kosa linalorefusha kazi ni kufuta `/etc/mysql` kwa `rm -rf`. Ukisakinisha tena, dpkg inadhani uliifuta kwa makusudi na haiirudishi, kisha unapata `alternative path /etc/mysql/mysql.cnf doesn't exist`. Suluhisho:

`apt install --reinstall -o Dpkg::Options::="--force-confmiss" mysql-common mysql-server-8.0`, ukibadilisha 8.0 kwa toleo lako.

Na kabla ya kukubali `apt purge 'mysql*'`, soma orodha ya vinavyoondoka. Alama ile ya nyota inaweza kubeba na programu nyingine zilizotegemea maktaba ya MySQL.

Kujua chanzo. Nusu. Tatizo limeondoka lakini hujui ni mipangilio, hazina, au mabaki ya zamani.

Matunzo. Ukihamia hazina ya watengenezaji unapata matoleo mapya na masahihisho mapema, ila umejiongezea chanzo cha kufuatilia: ufunguo utakwisha muda, na siku ya kupandisha toleo la mfumo wote hazina hiyo itabidi ibadilishwe nayo.

Inamfaa mwenye seva mpya, au seva iliyopitia mikono mingi kiasi kwamba hakuna anayejua nini kilisakinishwa kutoka wapi, ambaye data yake iko salama mahali pengine.

## Njia ya 3: Kontena

Inavyofanyika. Unaacha vifurushi vya mfumo kama vilivyo na kuendesha hifadhidata ndani ya Docker au Podman. Vitegemezi vyote vimo ndani ya taswira (kifurushi kamili ambacho kontena huundwa nacho), kwa hiyo ugomvi wa libssl, GLIBC (maktaba ya msingi ya Linux) na hazina unakwisha papo hapo.

`docker run -d --name pg -e POSTGRES_PASSWORD=nenosiri -v pgdata:/var/lib/postgresql/data -p 127.0.0.1:5432:5432 postgres:16`

Kila kipande cha amri hiyo kina kazi. Bila `POSTGRES_PASSWORD` kontena linazima lenyewe. Bila `-v` yenye jina, data inaishia kwenye volyumu (hifadhi ya Docker iliyo nje ya kontena) isiyo na jina ambayo hutaikumbuka. Kwa taswira ya 18 volyumu inafungwa kwenye `/var/lib/postgresql`, si kwenye `data` iliyo ndani yake. Na `127.0.0.1` ipo kwa sababu nzito: poti inayofunguliwa na Docker hupita pembeni ya kanuni za ufw (ukuta wa moto wa Ubuntu), hivyo unaweza kudhani umefunga mlango huku hifadhidata inaonekana na intaneti yote.

Data yako. Ya zamani haiguswi, na hilo ni jambo jema. Mpya iko salama kadiri unavyoielewa volyumu. `docker compose down` haiifuti; ukiongeza `-v`, inaondoka. Usitumie lebo ya `latest` (toleo jipya kuliko yote) kwa hifadhidata: siku toleo kuu likibadilika, utakutana na `database files are incompatible with server` uliyodhani umeikimbia.

Muda. Ndiyo ya haraka kuliko zote kama Docker tayari ipo. Dakika chache, kulingana na kasi ya intaneti.

Kujua chanzo. Hujui, wala hukutaka kujua. Na kontena lina hitilafu zake za kujifunza. Ukibadilisha nenosiri kwenye amri halikubaliki, kwa kuwa vigezo hivyo husomwa mara moja tu, saraka ikiwa tupu. Programu ya `mysql` inagoma kwa kutafuta `/var/run/mysqld/mysqld.sock` mpaka uandike `-h 127.0.0.1`. Ukifunga saraka ya kawaida penye SELinux, unahitaji `:Z` mwishoni. Kontena likizima kwa namba 137, limeuawa, na mara nyingi RAM ndiyo iliyopungua. Logi ni `docker logs pg`.

Matunzo. Masasisho hayaji na apt. Lazima mtu avute taswira mpya na kuunda kontena upya, na hilo husahaulika kwa urahisi. Kwa upande mwingine, kuwa na PostgreSQL 14 na 16 kwenye mashine moja kunakuwa kazi ndogo.

Inamfaa mtengenezaji wa programu kwenye kompyuta yake, timu inayotaka wote watumie toleo moja, na mwenye mfumo wa zamani asioweza kuupandisha kwa sasa.

Kuna watakaokutajia kujenga kutoka kwenye msimbo chanzo. Inawezekana, ila unahama kutoka hitilafu za vifurushi kwenda hitilafu za kujenga: `readline library not found`, na tangu PostgreSQL 16, ICU (maktaba ya lugha na mpangilio wa herufi) pia inatakiwa isipokuwa uizime. Baada ya hapo kila sasisho la usalama ni kazi ya mikono yako. Ichague tu ukiwa unahitaji kitu ambacho vifurushi havina.

## Uchague ipi, kwa hali yako

Seva ina data na huduma imegoma baada ya sasisho: njia ya kwanza, bila mjadala. Nakala ya saraka, logi, kisha marekebisho. Ukikwama, washa kontena la toleo lilelile la zamani juu ya nakala hiyo, si juu ya saraka ya asili, utoe data kwa dump. Hapo njia ya tatu inaitumikia ya kwanza.

Seva ni mpya kabisa na hitilafu inataja vitegemezi au hazina: njia ya pili, ukihakikisha hazina ni ya toleo sahihi la mfumo wako.

Unataka kuandika programu leo na hifadhidata ni kifaa tu: kontena. Chanzo utakitafuta siku nyingine, kama bado kinakuhusu.

Unajifunza usimamizi wa seva: rekebisha palepale hata kama jioni nzima itakwisha. Weka mashine pepe ya majaribio, uivunje kwa makusudi, ujaze diski, ukalie poti 5432, uone kila kosa linavyosomeka kwenye logi.

Hitilafu ni ya RAM, diski au AVX: usichague yoyote bado. Ongeza swap, safisha diski, au badilisha mashine, kisha urudie amri ileile uliyoanza nayo.

Seva si yako peke yako: uliza kabla ya purge. Uliza hata kama una uhakika kwamba haina kitu.